Mishono Tisa na Pengo

Maiti ilikuwa imevaa joho la jaji, na joho lilikuwa limefungwa vifungo vyote kumi na vinane, kuanzia magotini hadi kooni.

Aliyelala ndani yake hakuwa jaji. Alikuwa mfanyakazi wa karakana ya majoho, mtu wa makamo, mrefu, mwenye mabega ya kubebea mlango. Kazi yake ilikuwa kuvaa. Kila joho lililoshonwa pale lilipita kwanza mwilini mwake ili mafundi waone linakaaje, na kwa sababu hiyo wenzake walimwita Mwili. Sasa alikuwa chali mbele ya kioo kirefu, macho wazi, mkono mmoja umebaki juu kidogo kama mtu aliyekatizwa maneno.

Ilikuwa saa nne asubuhi. Jua lilimwagika kupitia madirisha makubwa hadi kwenye meza za kukatia. Kwenye kona, pasi iliyosahauliwa ilikuwa inaunguza kitambaa polepole.

"Nani amemgusa?" Inspekta aliuliza.

"Mimi, Afande," alijibu mwenye karakana, mzee mfupi aliyening'iniza mkasi shingoni kama wengine wanavyoning'iniza miwani. "Nilimtikisa bega. Nilidhani anatania. Huyu alikuwa mtu wa utani."

"Na hiyo pasi?"

"Mama yangu!" Mzee akaikimbilia.

Daktari wa polisi alikuwa amepiga magoti. Alipitisha vidole kifuani mwa marehemu, akatikisa kichwa. "Hakuna jeraha. Hakuna sumu. Mbavu zimebanwa zikakutana. Pumzi imefungiwa humo ndani kama nguo sandukuni."

"Kikulacho ki nguoni mwako," alinong'ona Sajini.

Inspekta alimtupia jicho.

"Samahani, Afande. Ulimi wangu haujui kubisha hodi."

Lakini Sajini alikuwa amesema kweli. Katika mji ule uganga mdogo ulikuwa kazi kama kazi nyingine. Mtu alikata leseni, akabariki viatu visiteleze, taa isizimwe na upepo, nguo isishike doa. Apizo lilikuwa jambo jingine. Kulishona ni jela miaka ishirini. Kulifundisha ni vilevile. Na Inspekta ndiye aliyeongoza kitengo kilichowasaka waliothubutu.

"Lete maji," alisema.

Sajini akaleta bilauri. Inspekta akafungua joho, akageuza bitana iliyopita nyuma ya safu ya vifungo, akadondosha maji kwa ncha ya kidole. Kitambaa kiliyanywa mara moja. Uzi mwembamba mweusi uliopita katikati yake uliyakataa. Matone yalikaa juu yake, yakabingirika, yakaanguka.

Uzi ulioapizwa hauloi. Kila askari wa kitengo alilijua hilo kabla ya kujua kufunga mkanda.

"Apizo la pindo," Sajini alisema. Utani ulikuwa umemtoka. "Ukifunga kifungo cha mwisho, nalo linakufunga."

Inspekta alitoa lenzi, akaanza kuhesabu mishono. Moja, mbili, tatu. Tisa. Kisha pengo dogo, kama jino lililong'oka. Kisha tisa tena. Kisha pengo.

Alihesabu upya. Hesabu ilikuwa ile ile.

"Joho hili lilikuwa la nani?"

"La Jaji Mkuu," alisema mwenye karakana. "Alikuwa alifuate saa sita."

Miaka kumi na moja nyuma, Inspekta alikuwa konstebo mwenye sare inayonuka kiwanda. Walikwenda kumkamata mzee mmoja mfua sindano aliyechongewa na jirani. Mkuu wa kitengo wa wakati ule aliingia ndani peke yake, akamwacha yeye mlangoni. Akatoka na kipande cha nguo.

"Umemwona akishona," Mkuu alimwambia baadaye ofisini.

"Sikumwona, Afande. Nilikuwa nje."

"Umemwona. Andika."

Aliandika. Na Mkuu, huku akitafuna mkate na kushushia chai, alimwongezea mapambo. Andika mishono tisa, kisha pengo, kisha tisa. Kwa nini pengo, Afande? Kwa sababu mahakama hupenda kijambo kidogo kama hicho, binti yangu, kinaonyesha shahidi ana macho. Juu ya meza palikuwa na jagi la maji. Kile kipande cha nguo kilikuwa pembeni yake. Hakuna aliyekilowesha. Yeye mwenyewe alilitazama lile jagi, kisha akatazama kalamu.

Siku ya kesi aliyasoma maelezo yake mahakamani, hatua kwa hatua, kwa sauti safi ya mtoto wa shule anayetaka zawadi. Jaji, yule ambaye sasa ni Jaji Mkuu, alimsifu. Mzee alipewa miaka ishirini, akafa katika mwaka wa nne. Konstebo alipewa nyota ya kwanza begani.

Sasa alikuwa na nyota tatu, na mbele yake kulikuwa na pengo. Hakuna mchawi duniani aliyeshona namna ile. Pengo lile lilizaliwa mezani, kati ya chai na mkate. Mtu pekee ambaye angeweza kulishona ni mtu aliyeketi mahakamani siku ile akamsikiliza yeye.

"Afande?" Sajini alikuwa na daftari mkononi. "Aina ya mshono, niandikeje?"

"Andika haijulikani."

"Lakini umehesabu mara mbili, nimeona."

"Sajini. Andika haijulikani."

Miaka kumi na moja hakuwa ameandika uongo mwingine. Alishangaa jinsi ulivyomkaa vizuri, kama kiatu cha zamani.

*

Mwenye karakana alihojiwa kwenye ofisi yake, chumba chenye kiti kimoja na vitambaa mia.

"Utaratibu wenu wa kazi ukoje, mzee?"

"Tunakata, tunashona, Mwili anavaa, tunarekebisha. Vifungo mwisho."

"Kwa nini mwisho?"

"Joho lenye vifungo lina mwenyewe. Baba yangu aliweka mwiko huo na mimi sijauvunja. Mwili huvaa joho likiwa wazi kifuani. Miaka kumi na tisa amevaa nguo za wakubwa wa mji huu, hajawahi kufunga kifungo kimoja."

"Leo amefunga."

"Leo amefunga." Mzee alishika mkasi wake kama anayetafuta mahali pa kushika. "Na mimi nilimsikia, Afande. Ndilo linaloniuma. Nilikuwa hapa hapa."

"Ulisikia nini?"

"Alikuwa anaigiza. Alijua kuigiza wateja wote, hata mimi, mshenzi yule. Leo aliigiza jaji. Alisema, kwa sauti nzito ya kikubwa, 'Mahakama imeona huna hatia, mzee. Nenda nyumbani ukapumzike.' Nikacheka peke yangu humu ndani. Kisha nikasikia kishindo."

Inspekta hakuandika. Kalamu ilikuwa imegusa karatasi ikabaki hapo.

"Mzee gani?"

"Sijui. Labda mimi."

"Nani anashona vifungo?"

"Dada yake. Tumbo moja, baba mmoja. Tunamwita Dada Vifungo. Afande, mwendeeni polepole. Hajalia mpaka sasa, na mtu asiyelia mimi namwogopa."

Dada Vifungo alikuwa ameketi stoo, juu ya jora la kitambaa, mikono mapajani, viganja juu. Vidole vyake vilikuwa vyekundu kwa kusuguliwa. Inspekta alipoingia, mwanamke yule alimtazama muda mrefu, kama mtu anayelinganisha sura na picha.

"Pole kwa msiba, dada."

"Asante."

"Ulimaliza vifungo saa ngapi?"

"Saa tatu na nusu."

"Kisha?"

"Nikaja humu kuchukua karatasi ya kufungia."

"Joho ukaliacha wapi?"

"Kwenye kiango, karibu na kioo."

"Nani mwingine aliligusa baada yako?"

"Hakuna."

"Una hakika?"

"Hakuna mwingine."

Sajini aliinua macho kutoka kwenye daftari. Inspekta alishusha sauti. "Dada, kwa nini unajibu kama mtu anayetaka kukamatwa?"

"Na wewe kwa nini unauliza kama mtu asiyetaka kukamata?"

*

Masjala ya polisi ilikuwa chini ya ngazi, chumba kisicho na dirisha ambacho mtunza faili wake alizungumza na makabati zaidi kuliko watu. Inspekta aliomba faili la mfua sindano. Aliomba pia kitabu cha maapizo, kile kinachofungwa kwa kufuli mbili.

Kwenye faili, karatasi ya mwisho kabisa ilikuwa hati ya gereza ya kukabidhi maiti. Waliopokea walikuwa wawili: mwana, mvaaji wa karakana ya majoho, na binti, mshona vifungo wa hapo hapo. Sahihi ya binti ilikuwa imekandamizwa hadi karatasi imetoboka.

Kisha akafungua kitabu. Kwa miaka yote hakuwahi kulisoma apizo la pindo hadi mwisho. Alikuwa akiuruka ukurasa wake kama mtu anavyoruka mlango wa nyumba aliyoikosea. Leo alisoma. Apizo la pindo, kiliandika kitabu, halina pengo. Na humalizikia kwa fundo la kulenga, unywele mmoja wa adui uliofungwa kwenye mshono wa mwisho. Bila fundo hilo, apizo halimjui mtu wake. Litamshika yeyote atakayejifunga ndani yake.

Pengo halikulizuia apizo kuua; lakini fundo Mkuu hakulijua. Kwa hiyo konstebo hakuliandika. Kwa hiyo hakulisoma mahakamani. Kwa hiyo binti wa mfua sindano hakulisikia.

Aliketi akiwa na maelezo yake mkononi. Kurasa sita tu, za karatasi kavu ya zamani. Mtunza faili alikuwa amempa mgongo, akigombana na droo. Kurasa sita zinaingia ndani ya koti la sare bila hata kuvimbisha. Mkuu alikwishakufa. Sajini alikuwa amekwisha kuandika "haijulikani". Dada Vifungo angehukumiwa kwa uzi tu, na kesi ingekwisha kabla ya mwezi.

"Unaondoka nalo, Afande?" mtunza faili aliuliza bila kugeuka.

Inspekta aligusa kifungo cha koti.

"Maana kama unaondoka nalo, sahihi. Hata angekuja mfalme, sahihi."

"Ninaondoka nalo," alisema Inspekta. "Lete daftari lako."

*

Walimhoji kituoni alasiri, chumba cha meza moja na benchi mbili. Sajini alikaa pembeni na kalamu. Inspekta aliweka faili mezani, akalisukuma hadi upande wa pili.

"Unanijua?"

"Nilikujua ulipovuka mlango wa karakana," alisema Dada Vifungo. "Umenenepa kidogo. Sauti ni ile ile. Wenzangu wamekariri nyimbo. Mimi nimekukariri wewe."

Kalamu ya Sajini ilisita.

"Joho hilo ulilishona wewe?"

"Vifungo nilishona mimi."

"Na uzi wa ndani?"

Mwanamke alikuwa anatazama vidole vyake. "Kitu kimoja sikielewi," alisema. "Kimoja tu. Kwa nini alivaa? Nilingoja hadi mwisho kabisa. Alikwisha kulivaa wiki iliyopita, likiwa wazi, likampendeza. Nguo ikishakuja kwangu, kaka yangu haigusi. Hata ikiwa ya mtoto. Hata kwa mzaha. Kwa nini leo?"

"Mwajiri wenu alimsikia."

"Alimsikia nini?"

Inspekta angeweza kuliacha. Wapelelezi wazuri hawampi mtuhumiwa kitu bila kuchukua kitu. "Alikuwa anaigiza jaji mbele ya kioo. Alisema, 'Mahakama imeona huna hatia, mzee. Nenda nyumbani ukapumzike.'"

Mwanamke alifungua mdomo. Kikatoka chote mara moja, kilio cha chini, kirefu, cha mnyama aliyenaswa, naye akainama hadi paji la uso likagusa faili.

"Alikuwa anamwachilia baba," alisema hatimaye. "Kaka yangu mjinga. Kaka yangu. Amevaa joho la yule mtu ili amwachilie baba."

Sajini alimsukumia bilauri ya maji, yeye hakuichukua.

"Ni mimi," alisema. "Andikeni. Nimeushona kwa siku tatu, mshono mmoja kila nikitaja kosa lake. Tisa na pengo, tisa na pengo, kama alivyosoma huyu."

"Alisoma nani?" Sajini aliuliza.

"Huyu. Bosi wako. Kabla ya siku ile mimi sikujua hata uzi unaapizwa vipi. Baba hakujua. Alifua sindano, aliuza sindano, basi. Mlinifundisha ninyi, mbele ya watu mia, nikiwa benchi ya tatu."

"Kwa nini sasa?" Inspekta aliuliza. "Miaka kumi na moja umeshona vifungo vya kila jaji."

"Sikuwa na mpango wowote. Nilikwisha kuzoea." Alijifuta uso kwa kiwiko. "Mwezi uliopita yule jaji alikuja kupimwa. Nilikuwa nimemshikia fundi pini. Mtu mpole, mnajua? Anauliza habari za wazazi. Akaniambia, baba yako yu hai, binti? Nikasema, amefariki. Akasema, pole sana, alikuwa akifanya kazi gani? Nikamwangalia usoni. Nikasema, mfua sindano. Akasema, kazi nzuri hiyo, inataka macho." Alimeza mate. "Hakukumbuka. Nilingoja akumbuke. Pini zote ziliisha mkononi, akashukuru, akaondoka. Angekumbuka tu, hata angetukana, kaka yangu angekuwa hai."

Inspekta alitazama dirishani. Nje, askari wawili walikuwa wanagombania kivuli.

"Apizo lako lilikuwa na upungufu," alisema. "La kweli lina fundo la kulenga. Lingemngoja jaji peke yake. Mtu mwingine angelivaa mwaka mzima asidhurike."

"Hukusema habari ya fundo."

"Sikusema."

"Nilisikiliza kila neno."

"Najua. Fundo halikuwemo. Pengo halipo kwenye kitabu chochote. Tulilitunga."

Kalamu ya Sajini ilidondoka, ikasikika kama bati.

"Afande," alisema, "sasa hivi mimi sijasikia kitu."

"Umesikia. Chukua karatasi nyingine."

Inspekta alisimama. Akazunguka meza, akaketi kwenye benchi ya upande wa pili, hatua moja kutoka kwa mwanamke yule. Alifungua nyota zake moja baada ya nyingine, akaziweka juu ya meza. Mikono haikumtetemeka. Hilo nalo lilimtia aibu.

"Usinifanyie hivi," Sajini alisema. Macho yalikuwa yamemjaa maji. "Wewe ndiye uliyenifundisha kuhoji."

"Basi hoji vizuri. Kwanza, kata neno 'haijulikani' kwenye taarifa ya leo. Nilikuamrisha uongo. Kisha anza."

Sajini aliokota kalamu. Alijikohoza mara mbili.

"Kazi yako?"

"Mpelelezi wa polisi."

"Siku ya kumkamata mfua sindano, ulikuwa wapi?"

"Mlangoni. Nje."

"Ulimwona akishona uzi ulioapizwa?"

"Sikumwona."

"Kile kipande cha nguo, kilipimwa kwa maji?"

"Hapana. Maji yalikuwepo."

"Nani aliyeyatunga maelezo?"

"Mkuu alitamka. Niliandika mimi, nikatia sahihi mimi, nikasoma mimi."

"Kwa nini?"

Hilo ndilo swali alilolingoja miaka kumi na moja. "Nilitaka kusifiwa," alisema.

Sajini aliandika. Aliwasomea wote wawili maelezo yao, wakatia sahihi. Kisha akabaki amesimama na funguo mkononi, hajui azipeleke wapi.

"Mahabusu ya wanawake ni moja tu," alisema. Alisema kama anayeomba radhi.

"Moja inatosha," alisema Inspekta.

Ndani mlikuwa na kitanda cha saruji na blanketi. Dada Vifungo aliketi mwisho wa kitanda, ukutani. Inspekta aliketi sakafuni karibu na mlango, mahali ambapo hakuna aliyemwambia akae. Mwanga wa alasiri ulipita kwenye nondo ukapanda ukuta taratibu.

"Mlangoni," alisema Dada Vifungo. Hakumtazama. "Mlango wetu ulikuwa wa mabati. Mtu akiwa nje anasikia kila kitu."

"Ndiyo."

"Ulisikia nini?"

Inspekta alifumba macho. Hilo hakuwahi kuliandika popote, wala kumwambia mtu, kwa kuwa hakuna aliyewahi kumuuliza.

"Mkuu aliingia bila kubisha hodi. Baba yako alikuwa ameinamia kazi, hakujua sisi ni askari. Alisema, 'Karibuni, wanangu, angalieni hapo chini pana vumbi. Mnataka sindano ya namba ngapi?'"

Dada Vifungo alibana mdomo kwa viganja vyote viwili. Mabega yalimcheza muda mrefu, na kwa nje hakuna ambaye angejua kama ni kicheko au kilio.

"Ndiye," alisema. "Ndiye baba."